Ufunguo wa Farasi wa Dola

Zamani za kale kwetu hazijaisha. Tunazo bado. Tunazipangusa vumbi kila asubuhi na kuzirudisha mahali pake. Nchi yenyewe sikutajii jina, maana jina lake lina muhuri, na kulitaja bila ruhusa ni kosa dogo, la viboko kumi na viwili. Nitakwambia tu kwamba ni nchi ya majani mengi na miti michache, katikati kabisa ya Asia, mbali na kila bahari, na kwamba miaka mia saba na kitu iliyopita walitujia Wapanda Farasi.

Walikuja asubuhi. Mji wetu ulikuwa na ukuta ambao juu yake mikokoteni miwili ingeweza kupishana. Wazee wetu wakapanda juu wakawacheka wageni, kwa sababu walikuwa na miguu mifupi na walinuka maziwa yaliyochacha. Siku ya tatu hakubaki wa kucheka. Watu wakatolewa nje, wakapangwa uwanjani, wakaulizwa swali moja: "Nani ana kazi mikononi?" Mfinyanzi akasogea kulia. Mfua chuma kulia. Mfumaji kulia. Aliyesema yeye ni mtu wa heshima tu, wakamsogeza kushoto, na kushoto ndiko yalikokuwa mapanga. Sisi sote mnaotuona leo ni wajukuu wa waliosogea kulia. Ndiyo maana hata sasa ukimuuliza mtu wa kwetu jambo lolote, hata bei ya vitunguu, kabla hajajibu utamwona anasogea kulia kidogo.

Kisha wakaubomoa ukuta wote, wakaacha lango. Lango Khani, mfalme wao, alilipenda. Wakaamuru: ukuta usijengwe tena milele, na kila mtu apite langoni. Wakatuachia na mengine. Watu kuhesabiwa kumi kumi, mmoja akitoroka tisa wanalipa kwa shingo zao. Vibao vya kuvaa kifuani ili mtu aruhusiwe kusafiri. Vituo vya matarishi njia nzima, kila kituo na farasi aliyetandikwa, anayemngoja mleta ujumbe. Na katazo la kukanyaga kizingiti cha mkubwa. Haki isemwe: barabara zao zilikuwa salama. Mwanamke angeweza kutembea na sinia la dhahabu kichwani, nchi hii hadi nchi ile, asiguswe. Kasoro ilikuwa moja tu, hakubaki mwanamke mwenye sinia.

Walikaa miaka kama mia mbili. Wakanenepa, wakagombana, wakaondoka mmoja mmoja, na wa mwisho hata hakuaga. Siku hiyo wazee wetu walikutana kusherehekea uhuru. Neno la kwanza walilojadili ni nani akae kwenye kiti. La pili, hayo mengine yote yabaki yalivyo, kwa kuwa yameshazoeleka. Na kwa kuwa Khani hakuandika barua ya kuacha kazi, haikuwa halali kumweka Khani mwingine, basi wakaweka Kaimu. Leo tunaye Kaimu Khani wa Thelathini na Moja. Baba yake alikuwa wa Thelathini. Husema katika kila hotuba kwamba yeye hapo hakai kwa kupenda, anamshikia mtu nafasi.

Lango lipo hadi leo. Limesimama peke yake uwandani, kulia kwake hakuna kitu na kushoto kwake hakuna kitu. Watu hupanga foleni tangu alfajiri, wakaguliwe, wapigwe muhuri mkononi, wapite. Pembeni, kama hatua nane hivi, mbuzi hupita wakienda malishoni na kurudi. Wageni wakiona hucheka. Sisi huwaeleza kwa upole: yule ni mbuzi, hana vyeti. Mwaka fulani mgeni mmoja alipita pembeni na mkoba wake, mchana kweupe. Sote kwenye foleni tuligeuza nyuso kwa aibu yake.

Sasa nije kwangu. Naitwa Oyuna, mjane, wa ukoo wa Washika Ufunguo katika Kituo cha Tisa. Kutoka kwetu hadi langoni ni saa mbili na nusu kwa mkokoteni wa ng'ombe. Kwetu mtoto wa kike wa kwanza huvishwa ufunguo wa banda la farasi akitimiza siku arobaini, kisha mwenye zamu huurudisha shingoni mwake, na hauvui tena hadi kifo. Ni ufunguo wa chuma, mzito kama kifaranga aliyeshiba. Kazi ya mshika ufunguo ni kuushika. Kufungua ni jambo jingine, kunangoja tarishi mwenye kibao. Mama yangu aliuvaa miaka hamsini, hakuwahi kufungua. Bibi yangu hakuwahi. Kwetu hiyo ndiyo sifa: kazi iliyofanywa vizuri hadi haijawahi kufanyika.

Farasi wenyewe walikufa kwa kiu nikiwa msichana. Tukaendelea kulinda harufu yao. Kisha, miaka tisa kabla ya haya ninayoyasimulia, marafiki wa nchi za nje wakatuletea magari, kila kituo moja, meupe, yenye kitanda ndani, ya kubebea wagonjwa. Ikawa tatizo. Sheria inasema kituo kina farasi, haisemi kina gari. Baraza Kuu likakaa siku kumi na moja, likala kondoo mia na zaidi, likatoka na sheria mpya: gari ni farasi. La kwetu likapewa jina, Upepo. Likapigiliwa kiatu cha farasi mbele. Likafungwa tandiko juu. Daktari wa mifugo akafungua boneti, akaangalia kwa tochi, akaandika: "Meno mazima." Likaingizwa bandani kwa kibao cha Baraza, mbele ya watu wote, na nikalifungia kwa mkono wangu huu.

Tangu hapo kila mwezi karani alileta magunia mawili ya shayiri, akayamwaga kwa kidirisha cha pembeni. Mwezi ukiisha, shayiri imeisha. Nikawa nawaambia majirani, gari letu lina afya. Mbele ya mlango nilifagia kila siku. Nyuma ya banda sikuwahi kwenda. Nyuma ni uani kwa Mwenye Muhuri, na mtu haendi nyuma ya mkubwa.

Mwenye Muhuri ndiye jicho la Kaimu Khani huku kwetu. Anaitwa Toktar. Ana mabinti wengi na wote wameolewa vizuri. Kila harusi bibi harusi alipakiwa kwenye gari jeupe lenye maua. Nikajua serikali ilileta mawili.

Basi. Saruli, mwanangu wa pekee, alishikwa na uchungu wa mimba yake ya kwanza siku ya Jumanne. Jumatano alfajiri mkunga wetu, Bibi Dashi, akatoka chumbani anapangusa mikono.

"Mtoto amekingama," akasema. "Nimejaribu kumgeuza, anarudi. Huyu ni wa hospitali, tena mapema. Mkinikawiza sitaki mniulize kitu."

Hospitali iko mjini, ndani ya lango, ikiwa kitu kisicho na ukuta kina ndani. Mkwe wangu Nurgazi, mtu mrefu mwenye maneno machache, alisimama mlangoni akinitazama kifuani. Nikadhani nimesahau kifungo.

"Mama," akasema, "ufunguo si huo hapo shingoni?"

"Ndio huu."

"Na gari la wagonjwa liko hapo bandani, hatua arobaini."

"Farasi," nikamrekebisha.

"Farasi, haya. Baatir wa trekta anajua kuendesha. Nusu saa tuko langoni."

Nilimwambia kwa utaratibu, kama mtu anavyomwambia mtoto wa watu aliyekuja kuoa kwenye ukoo. "Mwanangu, kizazi cha ishirini na tano hiki. Hakuna aliyefungua bila kibao. Unataka nianze mimi, nianze kwa mwanangu mwenyewe, watu waseme nimeupindisha ufunguo kwa ajili ya tumbo langu? Nakwenda kwa Mwenye Muhuri sasa hivi, nitarudi na kibao. Mvumilivu hula mbivu."

"Basi nifunge ng'ombe tuanze kwenda."

"Ngoja. Mkokoteni utamtikisa. Ngoja nirudi."

Akangoja. Alikuwa ameoa kwenye ukoo wa heshima, naye alikuwa na heshima.

Ofisi ya Mwenye Muhuri ina desturi zake. Kila anayeingia hupita kwanza katikati ya mioto miwili, atakasike na nia mbaya. Siku hizi kuni hakuna, kwa hiyo mioto ni majiko mawili ya mafuta ya taa. Asubuhi ile jiko la kushoto lilikuwa linawaka, la kulia lilikuwa limechukuliwa na karani kuchemshia chai. Nikaambiwa nikipita kwenye moto mmoja nitakuwa nimetakasika upande. Nikangoja chai ichemke.

Mbele ya ofisi palikuwa na gari jeupe limeegeshwa. Juu lina mazulia yaliyokunjwa na kondoo wawili waliofungwa miguu, mbele lina kiatu cha farasi. Nikasema moyoni, kumbe wakubwa nao wamependa mtindo wetu. Kulikuwa na baridi. Boneti lilikuwa bado la moto, nikaliegemea, nikalishukuru.

Baada ya mioto kuna kizingiti. Kila Mwenye Muhuri akiteuliwa huongeza ubao mmoja juu yake, kuonyesha kwamba heshima imepanda kuliko kwa yule aliyemtangulia. Sasa kinanifika kwenye mbavu. Ukikigusa kwa mguu unarudi kwenye majiko. Wazee wamefikiriwa: wapo wanaume wawili walioajiriwa, wanaitwa Warusha Raia. Walinishika kwapa na magoti, wakahesabu hadi tatu, wakanirusha. Niliangukia kiwiko, lakini zulia lilikuwa zuri.

Mwenye Muhuri Toktar alikuwa anachagua utepe wa harusi. Hakuinua kichwa.

"Bibi Oyuna. Ufunguo upo?"

"Upo, mheshimiwa."

"Umefungua?"

"Sijafungua."

"Taifa linakushukuru. Sema shida yako, ila isiwe ya leo. Leo nina shughuli, namwoza mdogo wao."

Nikamweleza. Akasikiliza vizuri, hata utepe akauweka chini.

"Farasi wa dola hupandwa na nani?" akaniuliza.

"Na tarishi mwenye kibao."

"Binti yako ni tarishi?"

"Hapana, mheshimiwa."

"Ana ujumbe wa dola?"

"Ana mtoto tumboni."

"Mtoto ni habari, bibi. Habari ni kitu kilichotokea chenyewe. Ujumbe ni kitu kilichoagizwa. Huyo mtoto aliagizwa na nani?"

"Na mume wake," nikasema.

Karani akakohoa kwenye chai. Mwenye Muhuri akasimama, akaenda dirishani, akatazama nje kule gari lilikokuwa, akaanza kusema kwa sauti ile ya sikukuu.

"Umewahi kujiuliza kwa nini dola kubwa huanguka? Mimi nimejiuliza, tena saa za kazi. Huanguka kwa huruma ndogondogo. Leo mjamzito. Kesho mwenye jino. Kesho kutwa banda tupu, na tarishi ndiye huyo anapiga hodi, ametoka mwisho wa dunia, farasi wake ameanguka chini yake. Nitamwambia nini? Kwamba miaka mia saba ya utayari imeishia kwenye nyonga za binti yako?"

"Mheshimiwa, tarishi hajaja miaka mia tano."

"Basi yuko karibu," akasema.

Nikakaa pale pale zuliani. Sikulia, maana anayelia ofisini huandikiwa fomu ya kelele, na fomu ile ni kurasa tatu. Nikakaa tu. Kukaa ndiyo elimu yangu, shule ya darasani niliishia la tatu. Nikaona jua linapanda kwenye dirisha, likavuka kioo cha kwanza, likavuka cha pili. Wakaingia watu wa mazulia, wakatoka. Akaingia fundi wa keki. Karani akanitazama mara moja, akatazama chini, akatazama tena.

"Mheshimiwa," akasema karani, "labda tumfanye binti tarishi wa muda."

"Apeleke ujumbe gani?"

"Kwamba Kituo cha Tisa kiko tayari."

Mwenye Muhuri akafikiri. Ulikuwa ujumbe mzuri, wenye faida kwake. "Andika," akasema. "Kwa Kaimu Khani. Kituo kiko tayari, farasi yuko tayari, watu wako tayari. Mpe kibao cha mti, mwisho machweo."

Nikainama hadi paji likagusa zulia. Palibaki muhuri tu. Muhuri wetu ni wa jiwe, mkubwa kama kichwa cha mwanakondoo, hubebwa na watu wawili, na wa pili alikuwa amekwenda kula. Aliporudi ilikuwa saa nane kasoro. Wakaupiga. Kibao kiliandikwa hivi: *Mbebaji asizuiliwe popote. Atakayemzuia, shingo yake.*

Wakanirusha nje. Lile gari jeupe halikuwepo tena, nikasema limewahi harusini.

Nilikimbia, mimi na magoti yangu. Nyumbani nikamkuta jirani anafua mashuka yenye damu.

"Wameondoka na mkokoteni jua likiwa utosini," akasema. "Nurgazi alisema hawezi kungoja tena. Bibi Dashi yuko nao."

"Nitawakuta," nikamwambia. "Nina kibao. Mwite Baatir."

Baatir, yule aliyewahi kuendesha trekta la ushirika kabla halijaozea shambani, akaja na nguo zake za kazi. Watu wakakusanyika. Si kila siku mtu anashuhudia mlango wa miaka mia saba ukifunguliwa kwa haki. Nikainua kibao wote wakione. Nikaingiza ufunguo. Haukuzunguka. Tukapaka mafuta ya kondoo, nikauzungusha kwa mikono miwili, ukalia kama mtu anayeamshwa, mlango ukafunguka.

Nilitegemea giza. Banda lililofungwa miaka tisa lina haki ya kuwa na giza. Hili lilikuwa na jua tele, na upepo, na kamba ya nguo.

Ukuta wa nyuma haukuwepo. Haukuanguka, ulitolewa vizuri, matofali yamepangwa pembeni. Kupitia pale niliona ua wa Mwenye Muhuri wote: mashuka yake yameanikwa, kuku wake wanadonoa shayiri, wanono, na njia mbili za matairi zimechimbika ardhini kwa kwenda na kurudi. Juu ya sakafu ya banda lilibaki doa la mafuta, na tandiko limetundikwa msumarini.

Baatir akanitazama. "Bibi," akasema polepole, "ulikuwa hujui?"

"Wewe ulijua?"

"Kila mtu anajua. Tulidhani wewe unalinda kwa heshima tu."

Nikatoka. Nikaufunga mlango kwa ufunguo. Sijui kwa nini nilifunga, mkono una mazoea yake.

Kisha nikashika njia kwa miguu, na kibao changu, ambacho kilikuwa na nguvu hadi machweo. Sikuwa nimekula. Nilitembea nikihesabu. Kama ningefungua alfajiri, ningekuta patupu alfajiri, na mkokoteni ungeondoka alfajiri. Nilihesabu hivyo tena na tena, na kila mara hesabu ilitoka ile ile, hata kwa mtu wa darasa la tatu.

Jua lilikuwa limebakiza kimo cha mtu nilipouona mkokoteni unakuja. Unarudi. Nurgazi alikuwa mbele anamvuta ng'ombe. Bibi Dashi alikuwa amekaa nyuma na kitu ndani ya shali yake. Katikati palikuwa na mtu aliyefunikwa, na lile lilikuwa blanketi langu la harusi nililompa Saruli.

Ng'ombe ndiye aliyesimama kwanza.

"Ni msichana," akasema Bibi Dashi, akafunua shali. "Huyu amekubali."

Nurgazi alizungumza akimtazama ng'ombe. "Mama, walikuwepo watu mia na kumi mbele yetu. Nikamwomba mlinzi. Akasema wagonjwa wana foleni yao. Nikamuuliza iko wapi. Akasema inaanzia nyuma ya hii."

"Mtoto nilimgeuza pale pale chini ya mkokoteni," akasema Bibi Dashi. "Akatoka. Damu ndiyo iliyokataa kusimama. Pale ilitakiwa hospitali, hakuna dawa yangu pale. Na paa la hospitali tulikuwa tunaliona."

"Mbuzi walikuwa wanapita pembeni, mama." Nurgazi alisema hilo kwa sauti ya chini kuliko yote. "Niliwatazama saa nzima. Kamba ya ng'ombe nilikuwa nimeishika mimi. Ningeivuta tu kushoto. Lakini nikasema, nikipita huko bila muhuri, hospitali watamkataa, tutarudishwa mwisho wa foleni. Nikasema tuvumilie, watu wanapungua."

Shingoni nilikuwa na ufunguo, mkononi kibao kisemacho mbebaji asizuiliwe popote. Ningemkaripia kwa mdomo upi? Nikapanda mkokotenini, nikakaa karibu na kichwa cha mwanangu, tukarudi.

Siku ya tatu Mwenye Muhuri alikuja kutoa pole. Alikuja na gari jeupe, kiatu cha farasi mbele, kipande cha utepe wa harusi bado kimenasa mlangoni. Kizingiti changu ni cha kawaida, cha kidole kimoja, lakini alikivuka kwa kuinua goti hadi kifuani, tujifunze. Akahutubia matanga.

"Ndugu wafiwa. Marehemu hakufa ovyo. Alifia kwenye foleni, namba mia na kumi na moja, akiwa na mpangilio wake. Wapo nchi nyingine wanaofia barabarani, wanafia vitandani, kila mtu anapotaka. Sisi tumerithi utaratibu, na marehemu ameurudisha kwa wenyewe ukiwa mzima." Akatupa nafasi ya kulia. Tulipolia kiasi akaendelea. "Na kuhusu ukuta wa nyuma, najua kuna maneno. Tume imeundwa, imekaa, imemaliza. Imebaini kwamba sheria ya vituo haitaji ukuta popote. Inataja mlango. Na mlango, tumshukuru Bibi Oyuna, haujawahi kuguswa."

Watu wakanitazama kwa fahari. Wapo waliosogea kulia.

Akanipa cheti chenye maandishi ya dhahabu, *Familia Tayari*. Akaniomba kibao. Akakigeuza mbele na nyuma, akampa karani. "Andika: kimerudishwa bila kutumika, hali nzuri." Alipokuwa anatoka akainama juu ya mtoto. "Na huyu," akasema, "siku arobaini zikitimia avishwe ufunguo. Ukoo usikatike."

Tulimwita Ayana. Siku ya arobaini nilimvisha ufunguo, kama ilivyoagizwa, na safari hii sikuurudisha shingoni kwangu. Karani alikuja kushuhudia. Alipiga muhuri, akachelewa kuondoka, akaniambia mlangoni, "Bibi, ile siku, ningesema mapema," akaenda zake.

Ayana alipofika miezi saba alikuwa na chanjo mjini. Nurgazi hapiti tena njia ya langoni, hata kwa kuongozwa. Nilikwenda mwenyewe na mtoto mgongoni, kwa mkokoteni wa Baatir. Tulifika saa nne. Foleni ilikuwa ndefu kuliko siku zote; nilimuuliza wa mwisho, akaniambia wamepata mtu wa kuhesabu, mia mbili na sita. Nikasimama nyuma yake. Nilisimama vizuri kabisa, kwa muda wa kutosha mtu kumenya kitunguu. Kisha mbuzi wakapita.

Nikawafuata.

"Bibi," mtu mmoja akasema kwenye foleni, "unakwenda wapi?"

"Mzee mzima na adabu hana," akasema mwanamke, nami simlaumu, ningesema hivyo hivyo. Wengine waligeuza nyuso.

Mlinzi akapiga filimbi. "Wewe mama, rudi. Rudi, nitakukamata." Akaanza kunifuata, kisha akasimama. Mimi nilikuwa tayari upande wa pili, na yeye kufika upande wa pili kulimbidi apite langoni, na kupita langoni kunataka muhuri, na mpiga muhuri hajui jamaa. Nilipogeuka nikamwona amejipanga wa mwisho, filimbi mkononi. Alikuwa mia mbili na saba.

Hatua nane. Nilizihesabu. Mbuzi mmoja alinipisha.

Hospitalini palikuwa na benchi na nesi kijana mwenye macho ya usingizi. Akampima Ayana uzito pamoja na ufunguo, nikamwambia atoe uzito wa ufunguo, akacheka. Ayana alikuwa anautafuna, anaota meno. Ladha ya yale mafuta ya kondoo nadhani imebaki. Akachomwa sindano, akalia kidogo, akarudi kwenye ufunguo wake. Nesi akaandika kadi, akaniambia nirudi mwezi ujao.

Mimi nilikuwa bado nimekaa na mkono wangu juu ya meza, kiganja juu, mahali ambapo muhuri haukuwepo. Nilingoja aulize. Hakuuliza. Mwisho nikamuuliza mimi.

"Mwanangu, mbona hukuniomba muhuri wa lango?"

"Muhuri wa nini, bibi?" akasema. "Sisi hapa hatujawahi kuuliza. Anayekuja tunampokea."

Hilo sijamwambia Nurgazi.